Roboti wa Vipande 677: Wazo Lilikuwa la Nani?

Wasee, nimemaliza kumjenga WALL-E. Yule roboti wa filamu ya Pixar ya 2008, mwenye macho kama darubini na miguu ya tingatinga, anayebaki duniani peke yake akikusanya takataka. Hii ni seti ya Lego namba 21303, ilitoka 2015, vipande 677. Haitengenezwi tena, kwa hivyo niliinunua kwa jamaa mmoja aliyekuwa anahama nyumba. Ilikuja kwenye mfuko wa plastiki, kitabu cha maelekezo kimekunjwa katikati.

Nianze na hukumu ndio msiseme nawazungusha. Ni kitu poa sana. Mikono inapanda, inashuka na kushika vitu. Ile mikanda ya miguu inazunguka kweli ukimsukuma mezani. Tumbo linafunguka, unaweza kuficha kitu ndani. Zile seti za kwanza kabisa watu walilalamika kwamba shingo inalegea na kichwa kinaanguka upande, na muundo wa shingo ukabadilishwa. Yangu ina shingo mpya, inasimama fiti. Ubaya ni kwamba kuna hatua nyingi zinazofanana, mara unajenga mkanda wa kushoto, mara unarudia uleule wa kulia. Nampa 8 kwa 10.

Lakini siyo hilo lililonifanya niandike. Kurasa za mwanzo za kile kitabu zina jina na hadithi ya mtu aliyebuni huyu roboti wa vitofali. Nikakaa na hilo jina kwa muda, halafu nikaanza kuuliza: kwani wengine waliochangia hii kitu majina yao yako wapi? Nikajikuta nimeingia kwenye historia ambayo nimeshindwa kunyamaza nayo.

Tuanze na neno lenyewe, roboti. Lilitoka kwa mwandishi Mcheki, Karel Čapek, kwenye mchezo wa kuigiza unaoitwa R.U.R., uliochapishwa 1920. Kwa Kicheki, robota ni kazi ya kulazimishwa, kile wazee wetu waliita shokoa. Dunia nzima ilimpa Karel sifa kwa kuunda hilo neno. Unajua alifanya nini? Mwaka 1933 aliandika gazetini akasema neno si lake, ni la ndugu yake Josef, mchoraji. Yeye alikuwa anatafuta jina la wale vibarua wake wa kutengenezwa, akamuuliza Josef, na Josef akasema waite maroboti, huku akiendelea kuchora. Karel angenyamaza tu. Nani angejua? Lakini alisema.

Sasa tuje kwa kitofali.

Hadithi ambayo wengi tunaijua ni hii: Ole Kirk Kristiansen, seremala wa kijiji cha Billund kule Denmark, alianza biashara yake 1932 wakati uchumi wa dunia umeanguka. Akatengeneza vitu vya kuchezea vya mbao. Miaka michache baadaye akaipa kampuni jina Lego, kutoka maneno ya Kidenishi leg godt, yaani cheza vizuri. Baada ya vita akanunua mashine ya kuyeyusha na kufinyanga plastiki, na 1949 vitofali vya kwanza vikatoka. Hadithi tamu, na yote ni kweli.

Ila kuna mtu amerukwa hapo katikati. Anaitwa Hilary Fisher Page, Mwingereza, mwenye kampuni ya Kiddicraft. Huyu jamaa alikuwa anapenda kukaa na watoto wadogo na kutazama wanavyocheza, halafu ndio anabuni. Alikuwa ameshatengeneza vitofali vya plastiki vyenye vitufe juu, vya kushikana vyenyewe, na alikuwa na hataza ya Uingereza, ile hati ya kulinda uvumbuzi. Vilikuwa sokoni kule Uingereza 1947. Ile mashine ya plastiki waliyonunua Denmark ilitoka Uingereza, na pamoja na mashine, vitofali vya Page vilifika Billund kama sampuli.

Ukiweka vitofali vya Page na vile vya kwanza vya Lego pamoja utadhani ni mapacha. Hata ule mpasuo wa pembeni wa kuingizia milango na madirisha uko kwa vyote viwili. Lego walinyoosha kona zilizokuwa na mviringo, wakasawazisha vitufe juu, na wakabadilisha vipimo kutoka inchi kwenda milimita. Tofauti ya ukubwa ilikuwa kama sehemu moja ya kumi ya milimita. Page alifariki 1957, kabla Lego haijawa jina la dunia nzima. Kampuni ilikuja kununua haki za kile kitofali cha Kiddicraft mwaka 1981. Alikuwa amefariki miaka 24 iliyopita.

Najua mtaniambia nini. Mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Na haki ya Lego ni hii: vile vitofali vya kwanza vilikuwa vitupu ndani, havikushikana vizuri, nyumba ya mtoto ilisambaratika ukiigusa. Aliyetafuta dawa ni Godtfred, mtoto wa Ole Kirk. Waliweka mirija midogo ndani ya kitofali, ili vitufe vya kile cha chini vibanwe kati ya mirija na ukuta. Wakaomba hataza tarehe 28 Januari 1958. Huo ulikuwa uvumbuzi wao wenyewe, na ndio sababu WALL-E wangu hasambaratiki nikimbeba kwa kichwa. Kitofali cha 1958 bado kinaingia kwenye cha leo. Kwa hiyo hapana, sisemi Lego ni wezi tu waliobahatika. Waliiga, halafu wakafanya kazi ngumu juu ya walichoiga.

Na kuiga kwenyewe si dhambi. Sisi tuliokua tukitengeneza gari kwa waya na paketi ya maziwa, magurudumu ya slipa iliyokatika, hakuna hata mmoja wetu aliyevumbua hiyo gari. Uliona ya jirani, ukaenda kutafuta waya. Lakini kila mtu kwenye ploti alijua ni nani alikuwa wa kwanza kuweka usukani mrefu wa kusukuma ukiwa umesimama. Jina lake lilitajwa. Shida haiko kwa kuiga, iko kwa kufuta jina.

Turudi kwa WALL-E basi. Aliyembuni huyu wa vitofali anaitwa Angus MacLane. Alikuwa mchoraji wa katuni wa Pixar hadi 2023, alifanya kazi kwenye filamu yenyewe, na alianza kumjenga kwa Lego wakati filamu bado inatengenezwa. Baadaye akapeleka wazo lake kwa mpango unaoitwa Lego Ideas. Huo mpango ulianzia Japani 2008 kwa jina Cuusoo, ukapata jina la sasa 2014. Mtu yeyote anapeleka muundo wake, watu wanaupigia kura, ukifikisha kura 10,000 kampuni inaukagua. Ukikubaliwa, kanuni ni kwamba mwenye wazo anapata asilimia 1 ya mauzo halisi, na jina lake linaingia kwenye kitabu.

Asilimia 1, bana! Mimi naona ni kidogo. Na MacLane hakuwa mtu wa mtaani, alikuwa tayari ndani ya Pixar. Lakini kura 10,000 alizitafuta kama wengine, na jina lake liko pale mwanzo, kabla hujagusa kipande cha kwanza. Kampuni ileile ambayo kitofali chake cha kwanza kilitoka bila jina la Page, sasa ina kanuni ya kuandika jina la mwenye wazo. Hiyo ni hatua, na ilichukua zaidi ya miaka 60.

Kwa nini naumia na haya mambo? Mwaka jana niliandika vidio kuhusu historia ya matatu. Wiki tatu za kuhoji madereva wazee na makondakta wastaafu. Ukurasa mmoja mkubwa ukasoma maneno yangu karibu neno kwa neno. Nikaandika kuomba tu wataje jina langu. Nikajibiwa kwamba historia haina mwenyewe.

Kweli, historia haina mwenyewe. Ila kazi ya kuitafuta ina mwenyewe. Na kwa mtu kama mimi aliyeacha chuo, sina cheti cha kuonyesha mwajiri. Jina langu kwenye kazi yangu ndilo cheti. Ukilifuta, umenirudisha mwanzo, na pengine wewe hata hujui umefanya hivyo.

Kwa hivyo ukiiga, iga. Boresha hata, weka mirija yako ndani. Halafu fanya kama Karel: sema ni ya Josef. Inachukua sentensi moja.

Mimi nimechukua karatasi ndogo, nikaandika "H. F. Page", nikaikunja na kuiweka ndani ya tumbo la WALL-E. Iko hapo kwa rafu.