Katuni za Tashtiti na Hatima ya Karatasi za Kupita: Ukusanyaji Binafsi na Kumbukumbu ya Taifa Jijini Kampala

Utangulizi

Mtafiti anayetaka kujua Bunge la Uganda liliamua nini katika mwaka fulani ana Hansard ya kumwongoza. Anayetaka kujua wananchi walicheka nini katika mwaka huohuo hana mlango rasmi wa kubisha hodi. Jibu la swali lake limo katika katuni za magazeti, na katuni, kama gazeti lililoibeba, ni karatasi ya kupita: husomwa asubuhi, na kufikia jioni huwa imefungia karanga au chapati kando ya barabara. Makala hii inachunguza mazingira yaliyokuza tashtiti ya kuchorwa jijini Kampala, sababu zilizofanya sehemu yake kubwa isiwe na hifadhi ya kuaminika, na nafasi ya mkusanyaji binafsi katika kuziba pengo hilo. Hoja inayotetewa ni kwamba katuni ni waraka wa kihistoria unaoonyesha mipaka ya usemi katika kila kipindi, na kwamba sera ya nyaraka isiyomtambua mkusanyaji binafsi huiachia bahati kazi ambayo ni ya taifa.

Magazeti, sheria na mipaka ya kicheko

Utamaduni wa magazeti Uganda ulianzia kwa wamisionari. Ebifa mu Buganda lilianza mwaka 1907 na Munno mwaka 1911, yote mawili kwa Kiganda. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 likatokea Sekanyolya, miongoni mwa magazeti ya awali yaliyoendeshwa na Waafrika wenyewe. Jina lake ni la ndege mwenye miguu mirefu, aonaye mbali kuliko wenzake. Kabla ya mchoro wowote wa kejeli, jina hilo lilikwisha kutangaza kazi ya mwangalizi asiyefichwa jambo.

Baada ya Uhuru, Kampala ilikuwa na jarida la Transition, lililoanzishwa na Rajat Neogi mwaka 1961. Jarida hilo lilikuwa uwanja wa mijadala mikali hadi Oktoba 1968, serikali ya Milton Obote ilipomkamata Neogi pamoja na mwanasiasa Abu Mayanja. Baadaye jarida lilihamia Accra. Waandishi na wachoraji waliosalia walipata funzo lililo wazi: kosa la uchochezi halikuwa maandishi matupu katika kitabu cha sheria.

Utawala wa Idi Amin ulizidisha hofu hiyo. Mnamo Januari 1973 Padri Clement Kiggundu, mhariri wa Munno, aliuawa. Gazeti la Uganda Argus, lililokuwapo tangu 1955, liligeuzwa kuwa Voice of Uganda, sauti ya serikali. Katika mazingira hayo tashtiti ilihamia nje ya mipaka. Jijini London, jarida la Punch lilichapisha makala za kejeli za Alan Coren zilizojifanya kuwa matamko ya Amin, na mwaka 1974 zikakusanywa kuwa kitabu. Magazeti ya Uingereza nayo yalimchora Amin mara kwa mara. Mwaka 1973 Chuo Kikuu cha Kent kilianzisha kituo cha kuhifadhi na kuchunguza katuni za magazeti ya Uingereza. Matokeo yake ni kwamba mtafiti wa leo hupata kwa urahisi zaidi Amin aliyechekwa na Waingereza, mara nyingi kwa dharau ya rangi na ya lafudhi, kuliko Amin aliyesimangwa na watu wa Kampala waliouona utawala wake. Palipokosekana kumbukumbu ya ndani, kejeli ya mgeni imeshika nafasi ya ushahidi.

Nairobi ilikuwa kimbilio la karibu. Huko Terry Hirst na Hilary Ng'weno walianzisha jarida la Joe mwaka 1973, na huko ndiko James Tumusiime, raia wa Uganda, alikombuni mhusika Bogi Benda, aliyependwa na wasomaji wa Kenya. Tumusiime alirudi nyumbani, akashiriki katika kuliasisi New Vision mwaka 1986, kisha akaanzisha shirika la uchapishaji la Fountain mwaka 1988. Mhusika wake mwingine, Ekanya, akawa wa wasomaji wa Uganda. Maisha ya mchoraji huyu mmoja yanaonyesha kwamba historia ya katuni za Kampala haiwezi kuandikwa kwa nyaraka za Kampala peke yake.

Baada ya New Vision lilikuja The Monitor mwaka 1992, Bukedde mwaka 1994 na The Weekly Observer mwaka 2004. Nafasi ya mchoraji ilipanuka, na mahakama zikaipanua zaidi. Mwaka 2004 Mahakama ya Juu, katika shauri la Charles Onyango-Obbo na Andrew Mwenda, ilifuta kosa la kuchapisha habari za uongo. Mwaka 2010 Mahakama ya Katiba ilifuta kosa la uchochezi, na Januari 2023 ikabatilisha kifungu cha 25 cha Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta. Hata hivyo, mwaka 2013 polisi waliifunga Daily Monitor kwa zaidi ya wiki moja. Anayezisoma katuni za miongo hii kwa mfuatano wa tarehe anaweza kuona mahali ambapo kalamu ilithubutu na mahali iliposita. Hukumu za mahakama haziwezi kumwonyesha jambo hilo.

Kwa nini hazionekani

Haiwezi kudaiwa kwamba Uganda haikuwa na sheria ya kuweka nakala za machapisho. Maktaba ya Makerere ilipewa jukumu hilo tangu 1958, na Maktaba ya Taifa iliundwa kwa sheria ya mwaka 2003. Tatizo limo katika namna kazi inavyofanyika. Gazeti likifungwa katika juzuu huorodheshwa kwa jina lake na tarehe zake. Katuni iliyo ndani haipati ingizo lake: mchoraji, mhusika, tukio linalosimangwa na lugha ya maneno yaliyomo havionekani katika orodha. Michoro ya asili, iliyo na alama za penseli na masahihisho ya mhariri, hubaki kwa mchoraji au katika droo ya chumba cha habari, na ofisi inapohama hupotea. Juu ya hayo kuna majanga. Moto ulioliteketeza Jengo Kuu la Makerere Septemba 2020 ulikumbusha kwamba nakala moja iliyo mahali pamoja ni sawa na kutokuwa na nakala.

Somo la kadi za besiboli

Swali la thamani ya karatasi za kupita limekwisha kujibiwa kwingineko, katika uwanja unaoonekana kuwa wa mchezo tu. Jefferson Burdick, fundi wa umeme wa mjini Syracuse, Marekani, alikusanya kadi zilizotiwa katika pakiti za sigara na peremende, zikiwamo za wachezaji wa besiboli. Aliziorodhesha kwa mfumo wa herufi na namba, akachapisha orodha yake mwaka 1939, kisha akaikabidhi hazina yake, yenye vipande zaidi ya 300,000, kwa jumba la makumbusho la Metropolitan jijini New York. Alitumia miaka yake ya mwisho kuvibandika katika albamu hadi karibu na kifo chake mwaka 1963. Kadi ya Honus Wagner iliyouzwa kwa dola milioni 7.25 mwaka 2022 bado hutambulishwa kwa alama ya Burdick, T206. Soko lilikuja kutegemea orodha iliyotungwa na mtu asiye na cheo cha kitaaluma.

Besiboli yenyewe si ngeni Uganda: mwaka 2012 timu ya watoto wa Lugazi ilikuwa ya kwanza kutoka Afrika kucheza mashindano ya dunia ya Little League. Hata hivyo ulinganisho huu una mipaka miwili. Kwanza, kadi ya mchezaji haikumtia mtu hatarini, ilhali katika Kampala ya miaka ya 1970 karatasi yenye kejeli ndani ya nyumba ingeweza kumponza mwenye nyumba. Pili, mkusanyaji huokota anachokipenda. Akipendelea magazeti ya Kiingereza, tashtiti ya Kiganda itakosekana, na bei ya juu ikitokea, michoro itavuka mpaka na isirudi. Kwa hiyo shauku ya mtu mmoja inahitaji kukutana na taasisi mapema.

Uganda imeshaona faida ya makutano ya aina hiyo. Mradi wa History in Progress Uganda umekuwa ukinakili picha zilizomo mikononi mwa watu binafsi, na maonyesho ya mwaka 2019 katika Makumbusho ya Uganda yalitokana na negativu zipatazo 70,000 za enzi ya Amin zilizokutwa katika shirika la utangazaji la taifa. Picha zimepata watetezi, katuni bado.

Kutoka karatasi hadi kioo

Hatari imebadilika sura. Jimmy Spire Ssentongo, mhadhiri na mchoraji wa The Observer, mwaka 2023 aliwaalika wananchi mtandaoni kuweka picha za mashimo ya barabara za Kampala kama maonyesho ya sanaa. Rais akaagiza shilingi bilioni 6 zitolewe kwa ukarabati. Tashtiti iliyogusa bajeti namna hiyo ni waraka wa sera, lakini makao yake ni seva za kampuni za kigeni. Facebook ilipofungwa nchini Januari 2021, michoro iliyowekwa humo ilitoweka machoni pa raia wa kawaida. Sheria ya 2003 ilitungwa kabla ya mitandao hiyo kuenea.

Mapendekezo na hitimisho

Hatua nne zinafuata kutokana na uchambuzi huu. Kwanza, Maktaba ya Taifa na Makerere zitengeneze faharasa ya pamoja ya katuni kwa jina la mchoraji, mhusika, tarehe na tukio. Kazi hii inaweza kuanza na juzuu zilizopo bila kununua chochote. Pili, uandaliwe mkataba wa amana unaomruhusu mkusanyaji kubaki na mali yake huku nakala ya kidijiti ikiingia hifadhini, na haki za mchoraji zikilindwa chini ya Sheria ya Hakimiliki ya 2006. Tatu, wajibu wa kuweka nakala upanuliwe ufikie kazi zinazochapishwa mtandaoni pekee. Nne, maelezo ya faharasa yaandikwe pia kwa Kiswahili, ambacho Baraza la Mawaziri la Uganda lilikiidhinisha kuwa lugha rasmi mwaka 2022, ili Ekanya aweze kusomwa sambamba na Juha Kalulu wa Taifa Leo na Chakubanga wa Uhuru.

Hatua ya kwanza ndiyo ya haraka kuliko zote. Wachoraji na wasomaji waliokata na kutunza katuni za miaka ya 1980 wanazeeka, na wao pekee ndio wanaokumbuka ni waziri yupi aliyefichwa nyuma ya pua ile ndefu. Wakiondoka kabla ya kuulizwa, karatasi zinaweza kubaki, lakini maana yake itakuwa imekwenda nao.