Ni Nani Anayeizuia Mvua? Hali ya Hewa katika Zama za Kati na katika Unyanyembe

Kila mwaka ifikapo mwishoni mwa Oktoba, hapa Gongoni na katika kata nyingine za Tabora, mazungumzo baada ya Misa ya kwanza hugeukia mawingu. Mashamba yamekwisha kusafishwa, mbegu zinasubiri, na jua lingali kali kama lilivyokuwa Septemba. Mvua ikichelewa wiki moja, watu husali. Ikichelewa wiki tatu, baadhi huanza kuulizana ni nani anayeizuia. Swali hilo limekwisha kugharimu maisha ya watu katika kanda hii, na wengi wao ni wanawake wazee. Kwa sababu hiyo tumeona vema kueleza namna watu wa Zama za Kati, yaani takribani kati ya mwaka 500 na 1500, walivyoielewa na kuitabiri hali ya hewa. Maana swali lilo hilo liliwasumbua wao pia.

Watu hao hawakuwa na kipimajoto wala chombo cha kupima mgandamizo wa hewa. Vyote viwili ni vya karne ya 17. Walikuwa na macho, kumbukumbu, na vitabu vichache. Kitabu kikuu kilikuwa kile cha Aristotle kuhusu mambo ya angani, ambacho sehemu yake kubwa ilitafsiriwa kutoka Kiarabu kuingia Kilatini na Gerard wa Cremona katika karne ya 12. Aristotle alifundisha kwamba jua huinua mvuke wa aina mbili kutoka ardhini: wenye unyevu, unaoleta mvua na umande, na mkavu, unaoleta upepo na radi. Mtakatifu Alberto Mkuu alikifafanua kitabu hicho kwa kirefu. Mengi ya maelezo hayo hatuyakubali tena, lakini yalitafuta chanzo cha mvua katika maumbile yenyewe.

Mwanafunzi wa Alberto, Mtakatifu Toma wa Akwino, aliweka mpaka ambao ungali na manufaa. Katika Summa Theologiae alifundisha kwamba kutazama nyota ili kujua mapema ukame au mvua si dhambi, kwa kuwa mambo hayo hutegemea nguvu za maumbile. Dhambi ni kutaka kusoma katika nyota matendo ambayo mwanadamu huyatenda kwa hiari yake. Mkulima anayesoma anga, basi, si mpiga ramli.

Bwana wetu mwenyewe alizitaja ishara hizo. Katika Injili ya Luka, sura ya 12, anawakumbusha makutano kwamba wakiona wingu likipanda kutoka magharibi husema mvua inakuja, na huja kweli. Ishara hiyo ni sahihi kwa Palestina, kwa sababu bahari iko magharibi yake. Kwetu Tabora bahari iko mashariki, tena karibu kilomita 700. Ishara ya mahali pamoja si lazima ifae mahali pengine, na vitabu vingi vya Zama za Kati vilikosea hapo: vilinakili dalili za Ugiriki na kuwapa wakulima wa Uingereza. Ndiyo maana tunamheshimu William Merle, paroko wa Driby huko Lincolnshire, aliyeandika hali ya hewa aliyoiona yeye mwenyewe tangu Januari 1337 hadi Januari 1344.

Katika pwani yetu ya Afrika Mashariki, hesabu ilikuwa ya namna nyingine. Mwaka wa Kiislamu hufuata mwezi, hivyo huhama katika misimu. Mabaharia na wakulima wakahitaji mwaka wa jua. Wakatumia Nairuzi, iliyotoka Uajemi, wakahesabu siku 365 kwa makumi. Katika karne ya 15 baharia Ahmad ibn Majid alipanga nyakati za kusafiri kwa hesabu ya namna hiyo: kaskazi ya kuleta majahazi, kusi ya kuyarudisha.

Unyamwezi hatuna maandishi ya karne hizo. Wasafiri wa kwanza walioandika kuhusu nchi hii ni wa karne ya 19. Richard Burton na John Speke waliingia Kazeh, karibu na mji wetu wa leo, Novemba 1857, mvua zikikaribia. Hata hivyo maarifa ya wenyeji ni ya zamani kuliko wino. Misitu ya miombo huchipua majani mekundu kama shaba wiki kadhaa kabla ya tone la kwanza kuanguka. Kundi la nyota liitwalo Kilimia, jina lililotokana na kulima, huchomoza mashariki jua likizama katikati ya Novemba. Wapagazi waliifuata kalenda hiyo: walishuka pwani baada ya mavuno, na wengi walitaka kuwa nyumbani wakati wa jembe.

Mwenye dhamana ya mvua alikuwa mtemi. Waganga wa mvua walifanya kazi chini yake, na sadaka zilitolewa kwa wahenga wa ukoo wa kitemi. Mvua ikikataa, mtemi angeweza kupoteza kiti chake. Hatuyafundishi hayo, lakini tusiharakishe kuyacheka: walau lawama ilimpanda mwenye mamlaka, haikumshukia mjane asiye na mtetezi.

Turudi sasa Ulaya, katika mji wa Lyon, Ufaransa, karibu na mwaka 815. Askofu Agobard aliandika risala kuhusu mvua ya mawe na ngurumo, kwa sababu karibu watu wote wa eneo lake, wakubwa kwa wadogo, waliamini kwamba kuna watu wawezao kuleta dhoruba. Walisema kuna merikebu zinazopita mawinguni kutoka nchi iitwayo Magonia, kuja kuchukua mazao yaliyoangushwa. Siku moja waliletwa mbele yake watu wanne waliofungwa, wanaume watatu na mwanamke mmoja, wakidaiwa kuanguka kutoka merikebu hizo. Umati ulitaka kuwapiga mawe. Agobard alibishana nao hadi ukweli ukashinda.

Namna yake ya kuchunguza yastahili kuangaliwa. Kila aliyedai kwamba jambo hilo ni la hakika alimbana: je, uliliona mwenyewe? Mmoja alishikilia sana, kisha akakiri kwamba hakuwapo. Agobard anaeleza pia jinsi ng'ombe walivyokufa kwa wingi miaka michache kabla, watu wakashikwa na kuuawa kwa tuhuma za kumwaga unga wa sumu. Na waliokamatwa, ajabu, walikiri. Yeye hakuuchukua ukiri huo kuwa ushahidi. Aliuliza unga gani unaoua ng'ombe pekee na kuwaacha wanyama wengine.

Jibu lake halikudumu. Mwaka 1562 mvua ya mawe iliharibu mazao kusini mwa Ujerumani, na katika mji mdogo wa Wiesensteig wanawake wapatao 63 waliuawa.

Wala hapa kwetu si habari ya kale. Mwaka 2005 mchumi Edward Miguel alichapisha utafiti wake wa wilaya ya Meatu: katika miaka ya ukame au mafuriko, mauaji ya watu waliotuhumiwa uchawi, wengi wao wanawake wazee, yalikuwa takribani maradufu ya miaka mingine. Macho mekundu yanayotajwa kuwa dalili ni kazi ya moshi wa jikoni wa miaka hamsini.

Mvua yetu ya msimu, Novemba hadi Aprili, hufuata ukanda wa mawingu unaoteremka kusini pamoja na jua. Kuchelewa kwake hutokana na bahari na pepo zilizo mbali sana na Gongoni. Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutoa utabiri wa msimu huo kabla haujaanza, na afisa ugani wa kata huweza kuufafanua. Viongozi wa jumuiya ndogo ndogo wausome katika mikutano yao ya Oktoba. Wakisikia mzee yeyote anatajwa kuwa anazuia mvua, wasingoje hadi Jumapili: wamjulishe paroko, mwenyekiti wa mtaa na polisi siku hiyo hiyo. Misa ya kuomba mvua imo katika Misale ya Altare, na jumuiya yoyote inaweza kuiomba kwa siku ya kawaida.