Kivumishi cha Amani na Manowari za Mwaka 1888

Katika darasa la tafsiri niliwapa wanafunzi wangu aya moja ya Kiingereza yenye habari za pwani yetu katika mwaka 1888, nikawataka waigeuze kwa Kiswahili. Aya yenyewe ilikuwa fupi, na maneno yake mengi hayakuwa na taabu. Lakini mlikuwamo maneno mawili yaliyokaa pamoja, "pacific blockade", na hapo darasa likagawanyika. Mmoja aliandika "mzingiro wa Pasifiki", akidhani kwamba manowari zilizotajwa zilitoka katika bahari ile iliyo mbali, mashariki ya Asia. Wenziwe wakamcheka. Wengi waliandika "mzingiro wa amani", wakaridhika. Mimi sikumcheka yule mmoja, wala sikuridhika na wale wengi; kwa maana kosa la yule laonekana na kila mtu na lasahihishika kwa ramani, bali kosa la hawa, kama ni kosa, huingia kitabuni likakaa humo kama kweli.

Kivumishi hiki Waingereza walikipata katika Kilatini, nacho kilianza kuandikwa katika lugha yao katika karne ya 16. Asili yake ni maneno mawili: "pax", yaani amani, na "facere", yaani kufanya. Kwa hiyo "pacificus" wa Kilatini si mtu mtulivu wala mahali penye utulivu, bali ni mtu afanyaye amani. Ndilo neno lililotumika katika Biblia ya Kilatini kwa wale waliobarikiwa katika mahubiri ya mlimani, ambao wafasiri wa Kiswahili wa toleo la mwaka 1952 waliwaita wapatanishi. Hata "pax" yenyewe ina udugu na kitenzi cha Kilatini chenye maana ya kuafikiana na kufunga mkataba. Yaani katika mizizi ya neno hili mlikuwa na watu wawili waliokosana, na wa tatu akaja kati yao, au wenyewe wakapeana mikono. Palikuwa na kazi.

Kazi hiyo ilipoteaje? Yumkini ushahidi ulio wazi kuliko wote ni ule wa bahari aliyoitaja mwanafunzi wangu. Fernão de Magalhães, Mreno aliyekuwa katika utumishi wa mfalme wa Uhispania, aliondoka Ulaya mwezi Septemba 1519 na merikebu tano. Mwezi Novemba 1520 alitokea upande wa pili wa bara la Amerika akiwa na merikebu tatu tu, baada ya kupita katika mlango wa bahari wenye pepo kali. Akakuta maji yametulia siku nyingi bila ya tufani, akayaita kwa kivumishi hiki. Bahari haiwezi kumpatanisha mtu na mwenziwe. Hapo neno limekwisha kuacha kumtaja mtendaji, nalo lataja hali tu: kimya, upole, kutokuwa na mawimbi. Aliyeibandika bahari jina hilo hakumaliza hata nusu ya mwaka tangu hapo. Tarehe 27 Aprili 1521, katika kisiwa cha Mactan, alikwenda na askari wake kumlazimisha Lapulapu atii, akauawa ufukoni. Sitaki kulitumia tukio hilo kama fumbo, kwa sababu historia haipangi mafumbo. Lakini si vibaya msomaji akilikumbuka kila asomapo jina la bahari hiyo.

Huko Uingereza maana ya kwanza haikufa mara moja. Mfalme James wa Kwanza, aliyetawala tangu mwaka 1603, aliyachukua maneno ya Kilatini ya baraka ile ya wapatanishi akayafanya kauli yake ya kifalme, na mwaka 1604 akamaliza vita vya Uhispania vilivyokuwa vimedumu tangu 1585. Biblia ya Kiingereza iliyotolewa mwaka 1611 kwa amri yake ikawaita watu hao wafanya amani, kwa neno la Kiingereza kitupu. Hapo ndipo kivumishi kilipokuwa na heshima yake kamili. Lakini pia ndipo kilipoanza kutiliwa shaka. Mwezi Oktoba 1618 Sir Walter Raleigh alikatwa kichwa jijini London. Hukumu yenyewe ilikuwa ya zamani, ya mwaka 1603, lakini ilitekelezwa sasa kwa kuwa watu wake walikuwa wameshambulia makazi ya Wahispania katika mto Orinoco, na balozi wa Uhispania alikuwa akidai. Mwaka huohuo vita vya miaka thelathini vilianza Ulaya. Mkwewe mfalme akanyang'anywa nchi yake, na mfalme akaendelea kutuma wajumbe. Watu wake wengi wakaiona amani yake kuwa ni woga. Mimi naona walimwonea kidogo, maana kutuma wajumbe hugharimu damu chache kuliko kutuma majeshi. Lakini Raleigh naye alikuwa na damu.

Tangu wakati huo kivumishi kiliendelea kulegea. Kwa Mwingereza wa leo mtu wa sifa hiyo ni mtu asiyependa ugomvi, naye aweza kuwa amekaa barazani pake bila ya kumpatanisha yeyote. Nadhani ndiyo sababu wanazuoni wa dini, walipohitaji tena neno la mtu atafutaye mapatano kati ya madhehebu, walikwenda kulichukua lingine katika Kiyunani. Wakapata "irenic", kutokana na "eirene", yaani amani, nalo likaenea katika karne ya 19. Neno hilo limebaki katika vitabu vya wasomi, wala sokoni halijulikani.

Basi kivumishi kilikaa kimya, na kazi ya kufanya amani ikahamia kwa ndugu yake, yaani kitenzi "pacify" na jina litokalo nacho. Ndugu huyu tangu zamani alikuwa na upanga. Kaisari Augusto, katika maandishi ya kusimulia matendo yake, alitumia kitenzi cha Kilatini cha mzizi huohuo kwa nchi za Gallia na Hispania: alizitia amani, yaani alizishinda. Kwa Mrumi hapakuwa na aibu katika kusema hivyo. Aibu ilikuja baadaye, na pamoja na aibu ukaja ufundi wa kuficha. Katika karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20 maofisa wa Ulaya waliandika kwa neno hili habari za vijiji vilivyochomwa na mifugo iliyotekwa, katika Burma, Madagaska na penginepo. George Orwell, aliyekuwa askari polisi huko Burma, alilitaja neno hilo katika insha yake ya mwaka 1946 miongoni mwa maneno ya siasa yaliyotungwa ili mauaji yasikike kama jambo la adabu. Naye Chinua Achebe, katika riwaya yake ya mwaka 1958 ambayo Waswahili wanaijua kwa jina la Shujaa Okonkwo, alimaliza kwa ofisa Mwingereza akiwaza kitabu atakachoandika, na neno hilihili limo katika jina la kitabu hicho. Achebe hakulieleza. Alijua kwamba aliyesoma mpaka ukurasa huo hahitaji maelezo.

Sasa narudi kwenye aya yetu. Katika sheria ya mataifa, "pacific blockade" ni istilahi yenye mipaka yake. Maana yake ni dola kuziba pwani ya nchi nyingine kwa manowari pasipo kutangaza vita. Wanasheria wengi huanza kuhesabu na ule wa mwaka 1827, ambapo Uingereza, Ufaransa na Urusi ziliziba pwani za Wayunani zilizoshikwa na Waturuki. Mzingiro huo "wa amani" uliishia Navarino tarehe 20 Oktoba, merikebu za Waturuki na Wamisri zikateketezwa, na bado dola hizo hazikuwa zimetangaza vita. Istilahi ilichoka haraka. Venezuela ilipozingirwa mwezi Desemba 1902, Balfour, Waziri Mkuu wa Uingereza, alikiri bungeni kwamba hali ya vita ipo.

Pwani yetu imo katika orodha za waandishi wa sheria hiyo. Mwezi Agosti 1888 kampuni ya Kidachi ya Afrika Mashariki ilikuja kushika utawala wa miji ya Mrima kwa mkataba iliotiliana na Sultani Khalifa bin Said; Pangani bendera ya kampuni ikapandishwa, na watu wakakataa. Kabla ya mwaka kwisha kampuni ilikuwa imesaliwa na Bagamoyo na Dar es Salaam tu. Ndipo, mwezi Desemba, maadmirali Deinhard wa Udachi na Fremantle wa Uingereza walipoiziba pwani kwa idhini ya Sultani. Sababu iliyotajwa ilikuwa ni kuzuia biashara ya watumwa na uingizaji wa silaha. Biashara ya watumwa ilikuwako kweli, wala haifai tuifiche kwa kuwachukia Wadachi. Lakini silaha zilizozuiwa zilikuwa za upande mmoja. Mwezi Mei 1889 Wissmann aliishambulia kambi ya Bushiri bin Salim karibu na Bagamoyo, na mabaharia wa manowari walikuwa pamoja naye. Mwezi Julai akaitwaa Pangani. Tarehe 15 Desemba 1889 Bushiri alinyongwa Pangani.

Je, ulikuwa mzingiro wa amani? Mwanasheria atajibu kwamba dola haikuwa imetangaza vita juu ya dola, na Sultani, mwenye pwani, alikuwa ametoa idhini. Jibu hilo ni sahihi kwa kadiri linavyokwenda. Linakwenda hadi mlangoni pa nyumba ya Sultani huko Unguja, na hapo linasimama. Watu wa Pangani na Saadani hawakuwa dola katika sheria hiyo, kwa hiyo vita vyao havikuweza kuitwa vita.

Lakini palikuwa na mtu wa pwani aliyeviita vita. Hemedi bin Abdallah el Buhriy alitunga utenzi wa mambo hayo, unaojulikana kwa jina la Utenzi wa Vita vya Wadachi Kutamalaki Mrima, wa mwaka 1307 wa Hijra. Nawaomba wanafunzi walitazame jina hilo peke yake. Lina vita, lina waliopigana, lina mahali, na lina kitenzi: kutamalaki, yaani kujifanya mwenye milki. Pale Mzungu alipoandika "kutia amani", Mswahili ana neno la kumiliki, na kila aliyeshuhudia angejua ni lipi linalotaja lililotendeka.

Hapa ndipo tafsiri inapokuwa jambo la historia. Lugha yetu haina neno moja la kushika sehemu zote za kivumishi hiki, na upungufu huo ni faida. Tukisema kupatana, kiambishi cha kutendeana hutudai watu wawili; haiwezekani mmoja apatane peke yake. Suluhu, iliyotoka katika Kiarabu, nayo hutaka pande mbili. Amani, ambayo pia ni ya Kiarabu, ni tofauti kidogo, maana asili yake ni usalama au dhamana ambayo mwenye nguvu aweza kumpa asiyekuwa nayo. Tena tuna kutuliza, na hili ndilo neno la hatari, kwa kuwa hutulizwa mtoto, hutulizwa maumivu, na Tanzania ina kikosi cha polisi kiitwacho Kikosi cha Kutuliza Ghasia. Basi tusijidhanie kwamba maradhi haya ni ya Waingereza pekee. Mwanafunzi anayetafsiri taarifa ya mkoloni akaandika "serikali ilileta amani" ametia sahihi yake chini ya ile ya ofisa. Akiandika "serikali iliwashinda kwa silaha" amesema kweli, lakini amemwondolea ofisa unafiki wake, na unafiki huo nao ni sehemu ya historia. Mimi huwaambia waandike "iliwatuliza", kwa sababu Kiswahili hapo kina ubaridi uleule wa Kiingereza, na msomaji makini atauliza mwenyewe walitulizwa kwa nini na kwa kitu gani.

Mahali pengine kivumishi kinastahili neno bora. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1945 unakitumia katika kichwa cha sura yake ya sita, kuhusu kumaliza migogoro, na njia zinazotajwa humo ni mazungumzo, upatanishi, uamuzi wa mahakama na nyinginezo za namna hiyo. Hapo kuandika "kwa njia za amani" si kosa, na "usuluhishi" ni bora zaidi, kwa kuwa kazi imerudi ndani ya neno.

Kwa aya yetu tulishindana muda mrefu. Mwisho tulikubaliana na "mzingiro usiotangaziwa vita", ingawa ni maneno mengi na mwanafunzi mmoja alilalamika kwamba hayana mlio mzuri. Nilimwambia kwamba mlio wa Kiingereza chake nao ulikuwa mzuri mno. Yule wa "Pasifiki" alifuta alichoandika, kisha akauliza kama Bwana Heri wa Saadani, aliyefanya suluhu na Wissmann mwaka 1890, naye tumwandike kuwa alitulizwa. Swali hilo tuliliacha kwa kipindi kilichofuata.