Hasimu Mbele ya Hakimu

Neno hasimu tumelitoa katika Kiarabu, lakini njiani limegeuka. Khasm wa Kiarabu kwanza ni yule mnayekabiliana naye mbele ya kadhi, awe mdai au mdaiwa. Kwetu sisi hasimu ni adui, na uhasama ni chuki ya siku nyingi. Pwani, yaelekea, watu waliona kuwa wakishafikishana mahakamani hawatasalimiana tena. Wanazuoni wa fiqhi hawakulikubali jambo hilo kirahisi, na tofauti hiyo inazihusu aila zetu zinazofungua majalada ya kesi za wazee wao wa Unguja na Pemba.

Kanuni yenyewe ni kongwe: ushahidi wa adui dhidi ya adui yake haupokelewi, uadui ukiwa wa kidunia. Minhaj ya Imam Nawawi, kitabu kilichotegemewa sana na makadhi wa Kishafi wa pwani, inampima adui kwa hali ya moyo wake anapoona neema au msiba wa mwenzake. Majalla ya Waosmani imeweka sharti kama hilo katika kifungu cha 1702, na ikaiachia ada ya watu iamue uadui ni upi. Lakini adui akitoa ushahidi unaomfaa adui yake, unapokelewa, maana hapo tuhuma imeondoka. Na kuwa na kesi peke yake hakukutosha kuitwa uadui. Hoja yao ni ya watu waliowajua binadamu: lau kushtakiana kungetosha, kila mwenye kumuogopa shahidi angemfungulia daawa mapema ili amzibe mdomo.

Unguja ilipoingia chini ya himaya ya Uingereza mwaka 1890, mahakama ya Kiingereza ilihukumu kwa sheria za jinai za Bara Hindi, mpaka nchi ilipopata sheria yake ya adhabu mwaka 1934. Kanuni ya Kihindi ya mwenendo wa jinai ya 1898 ilimtaka hakimu amhoji mlalamikaji kwa kiapo kabla ya lolote. Akiwa na shaka, aliweza kuamuru uchunguzi kabla ya kumwita mshtakiwa. Asipoona sababu ya kutosha, kifungu cha 203 kilimruhusu kuyatupa malalamiko. Aliyeshtaki kwa kuudhi tu aliweza kulipishwa fidia, na aliyezua kosa ili kumdhuru mwenzake alikuwa yeye mwenyewe mkosa.

Katika vifungu hivyo ugomvi haukutajwa kuwa sababu ya kuifuta kesi, na kwa maoni yetu ilikuwa sawa. Uhasama hukata pande mbili. Jirani anayekuchukia ana sababu ya kukusingizia, na anayo pia sababu ya kuja kukuchumia karafuu zako usiku. Hakimu ilimlazimu atafute kitu nje ya chuki: shahidi asiye wa upande wowote, au kwa nini mlalamikaji alingoja miezi.

Mashamba ya karafuu ndiyo mfano bora. Mtu akichuma mikarafuu ya mpakani huku akiamini kwa dhati kuwa ni urithi wake, hana nia ya wizi, na bila nia hiyo hakuna jinai. Mahali pa shauri kama hilo palikuwa kwenye daawa ya ardhi. Mwenye kukimbilia polisi alikuwa mara nyingine anatafuta njia ya mkato: jirani akishaitwa mwizi, mpaka nao unasogea.

Hapa Oman njia imekuwa nyingine kidogo. Amri ya Sultani namba 98 ya 2005 ilianzisha kamati za suluhu na upatanisho, ili watu wapatane kabla ya kufika kwa kadhi.

Sasa, msomaji anayekuta jina la babu yake katika jalada, na chini yake imeandikwa kuwa malalamiko yametupwa, asifurahi wala asione haya kwa haraka. Chini ya kifungu cha 203 mshtakiwa huenda hata hakuitwa, hivyo hakuachiwa wala hakutiwa hatiani. Mlalamikaji naye hakuthibitishwa kuwa mwongo. Kutupwa huko hakukufunga mlango wa malalamiko mapya. Kwa hiyo, kabla ya kuiandika habari hiyo katika nasaba ya aila, itafutwe daawa ya shamba ya miaka ileile, baina ya majina yaleyale mawili.