Mkuki wa Mylapore: Ushahidi na Mapokeo Kuhusu Kifo cha Mtume Tomaso

Kati ya wale Kumi na Wawili, ni Yakobo mwana wa Zebedayo peke yake ambaye kuuawa kwake kwa ajili ya imani kumesimuliwa katika Agano Jipya. Matendo ya Mitume 12:2 inasema kwa ufupi kwamba Herode alimuua kwa upanga, na kwa kuwa Herode huyo, yaani Agripa wa Kwanza, alifariki mwaka 44, kifo hicho kinapata tarehe bila shida kubwa. Petro hana simulizi ya namna hiyo, lakini ana dokezo katika Injili ya Yohana pamoja na barua ya Klementi wa Roma ya mwishoni mwa karne ya 1. Wengi wa waliobaki wanategemea masimulizi yaliyoandikwa miaka mia moja, mia mbili au zaidi baada yao. Miongoni mwa hao Tomaso anastahili kuchunguzwa kwa makini kuliko wote, maana kwake tuna karibu kila aina ya ushahidi ambao mwanahistoria angeutamani: kitabu cha kale, sarafu, maandishi ya jiwe, kaburi, masalia, na jamii hai ya mamilioni ya waumini wa Kerala wanaojiita Wakristo wa Mtakatifu Tomaso. Hata hivyo ushahidi huo ukipangwa vizuri hauelekei upande mmoja.

Maswali matatu yamefungwa hapa kwa kamba moja. Je, Tomaso alifika India? Je, aliuawa kwa ajili ya imani? Je, aliuawa Mylapore, ambayo leo ni sehemu ya jiji la Chennai? Nguvu ya jibu la swali la kwanza imeazimwa kwa la pili, na la pili likaliazima la tatu, hata msomaji akaaminishwa kwamba sarafu ya mfalme fulani wa Kiparthi inathibitisha mkuki uliomchoma mtume. Haithibitishi, na makala haya yanakusudia kuyafungua maswali hayo moja baada ya jingine.

Chanzo kikuu ni kitabu kiitwacho Matendo ya Tomaso, kilichoandikwa mwanzoni mwa karne ya 3, yaelekea kwa Kisiriaki, katika mji wa Edessa au jirani yake. Mji huo leo ni Şanlıurfa, kusini-mashariki mwa Uturuki. Kinaanza kwa mitume kugawana nchi kwa kura. India inamwangukia Tomaso, naye anakataa kwenda: yeye ni Mwebrania, atawafundishaje Wahindi? Ndipo Bwana anapomuuza kama mtumwa kwa mfanyabiashara Habban, aliyetumwa na Mfalme Gundaphar kutafuta fundi seremala. Tomaso anakabidhiwa fedha za kujenga jumba la kifalme, anazigawa kwa maskini, na jumba linainuka mbinguni badala ya duniani. Kuelekea mwisho tunakutana na mfalme mwingine, Mazdai. Mygdonia, mke wa ndugu wa mfalme, na Malkia Tertia wanaipokea injili na kuviacha vitanda vya waume zao. Mfalme anaamuru mtume apelekwe mlimani nje ya mji, na huko askari wanne wanamchoma kwa mikuki.

Kwa muda mrefu wasomi wa Ulaya walikiona kitabu hiki kuwa ngano tupu, akiwemo Gundaphar mwenyewe, ambaye hakuna mwanahistoria wa Kigiriki wala wa Kirumi aliyemtaja. Hali ilibadilika katika miaka ya 1830, sarafu zenye jina la Gondophares zilipoanza kukusanywa katika eneo la Kabul. Baadaye likapatikana jiwe la Takht-i-Bahi, karibu na Peshawar, lenye kutaja mwaka wa 26 wa kutawala kwake na mwaka wa 103 wa kalenda ambayo jiwe halikuitaja. Wengi wameuhesabu mwaka huo kutoka mwaka 57 au 58 kabla ya Kristo, na hivyo kumweka mfalme huyu takriban kati ya miaka ya 20 na 46 ya karne ya 1. Hesabu hiyo ina wapinzani. Mfalme wa hadithi akawa mfalme wa historia, tena, kwa hesabu ya wengi, wa kizazi cha mitume.

Ugunduzi huo ni mkubwa, na sitaki kuupunguza. Mwandishi wa Edessa katika karne ya 3 asingeweza kulijua jina hilo kwa kubahatisha. Alilipokea kutoka kwa watu walioijua njia ya mashariki, na hao huenda walikuwa wafanyabiashara. Lakini tazama mahali ugunduzi unapotupeleka. Milki ya Gondophares ilikuwa Afghanistan na Pakistan ya leo, mbali kabisa na Mylapore. Jina la Mazdai, mfalme anayemuua Tomaso, nalo lina sura ya Kiajemi, na hakuna mfalme wa kusini mwa India anayejulikana kwa jina hilo. Papa Benedikto wa Kumi na Sita aliposema mwaka 2006 kwamba Tomaso alihubiri Siria na Uajemi, kisha akafika India ya magharibi, na kwamba Ukristo ulifika kusini kutokea huko, Wakristo wengi wa Kerala walisikitika. Naelewa uchungu wao. Hata hivyo kauli ile ilikuwa usomaji wa haki wa Matendo ya Tomaso.

Kusini kunatetewa vizuri zaidi na bahari. Kitabu cha mabaharia kiitwacho Periplus ya Bahari ya Eritrea, kilichoandikwa na Mgiriki wa Misri katikati ya karne ya 1, kinaeleza safari za kutoka bandari za Misri hadi Muziris, soko la pilipili katika pwani ya Malabar. Meli ziliondoka mwezi Julai na kusukumwa na upepo wa kusi, kisha zikarudi na kaskazi. Msomaji wa pwani yetu hahitaji kufafanuliwa pepo hizo, na kitabu hichohicho ndicho kinachotaja Rhapta, soko la mwisho la Azania, ambalo wasomi wengi huliweka katika pwani ya Tanzania. Kinasema pia kwamba nchi ya mto Indus ilikuwa chini ya watawala wa Kiparthi waliokuwa wakifukuzana madarakani bila kukoma, picha inayolingana na siku za Gondophares na warithi wake. Myahudi kutoka Palestina katika miaka hiyo hakuhitaji muujiza ili afike India, kaskazini au kusini. Alihitaji nauli tu, au bwana wa kumnunua kama kitabu kinavyosema.

Kwa hiyo swali la kwanza nalijibu kwa tahadhari: kufika kwake kunawezekana sana, na ushuhuda wa kwamba alifika ni wa kale. Mapokeo ya Kerala yanasema alitua karibu na Kodungallur mwaka 52, akaanzisha makanisa saba, akauawa mwaka 72. Tarehe hizo hazimo katika maandishi yoyote ya karne za mwanzo. Uchimbaji uliofanywa Pattanam tangu 2007, mahali panapodhaniwa na wengi kuwa ndipo ilipokuwa Muziris, umetoa vigae vingi vya mitungi ya divai na mafuta kutoka Bahari ya Kati, na kuthibitisha biashara bila kuthibitisha kanisa. Ushahidi imara wa Wakristo wa Malabar unaanza na Cosmas, mfanyabiashara wa Aleksandria, aliyeandika katikati ya karne ya 6 kwamba walikuwepo. Kisha zinakuja bamba za shaba za Kollam za mwaka 849, ambamo mtawala wa nchi analipatia kanisa haki na ardhi, na mashahidi wanatia sahihi kwa hati ya Kiarabu, ya Kipahlavi na ya Kiebrania. Ni hati moja ya kanisa, na chini yake yako majina ya Waislamu, Wakristo na Wayahudi wa Bahari ya Hindi. Sijui waraka mwingine wa karne hiyo unaoonyesha vizuri zaidi ulimwengu ambao mapokeo ya Tomaso yalitunzwa ndani yake.

Kaburi la Mylapore ni jambo jingine. Kabla halijatajwa kwa jina, Edessa ilikuwa tayari inadai kuwa na mwili. Efremu Msiria, aliyefariki mwaka 373, alitunga tenzi ambazo ndani yake Ibilisi analalamika kwamba mtume aliyemuua India amemtangulia Edessa. Mhujaji Egeria alifika katika mji huo katika miaka ya 380 na kusali penye masalia yake. Matendo ya Tomaso yenyewe yanafunga kwa tukio linalotaka kueleza mwili ulifikaje huko: mwana wa Mazdai anaugua, mfalme anafungua kaburi ili apate mfupa wa kumponya, na kulikuta tupu, kwa kuwa mmoja wa ndugu alikwisha kuichukua mifupa na kuipeleka magharibi. Mfalme anatwaa mavumbi ya mahali pale, na mtoto anapona.

Kisa cha mavumbi ndicho kinachonivutia kuliko vyote. Marco Polo, aliyepita pwani ya kusini-mashariki mwa India mwishoni mwa karne ya 13, anasimulia kwamba Wakristo na Waislamu walihiji kwenye kaburi la Tomaso na kuchukua udongo mwekundu wa hapo kuwa dawa ya homa. Miaka zaidi ya elfu moja inatenganisha maandishi hayo mawili, lakini tiba ni ileile. Ama mahujaji walileta simulizi ya Edessa hadi Mylapore na kuipandikiza katika udongo wa huko, ama mwandishi wa Edessa alisikia habari za kaburi la kweli la India ambako watu walichota mavumbi. Mimi naegemea uwezekano wa kwanza, kwa sababu kanisa la India liliongozwa kwa karne nyingi na maaskofu waliotoka Uajemi na Mesopotamia, wenye vitabu vya Kisiriaki mikononi. Msalaba uliopatikana mwaka 1547 kwenye kilima cha Mtakatifu Tomaso una maandishi ya Kipahlavi. Huo ni ushahidi wa waumini wenye asili ya Uajemi, na Wareno walioufukua walikosea walipoufanya uwe wa mtume mwenyewe. Wareno hao, tukumbuke, walifika Kerala mwaka 1498 wakiongozwa na rubani waliyempata Malindi, na shauku yao ya kuwakuta Wakristo upande ule iliwafanya waone mengi zaidi ya yaliyokuwepo.

Limebaki swali zito: je, aliuawa? Hapa mapokeo yanapingana waziwazi. Kitabu kinasema ni askari wa mfalme. Mapokeo ya Kerala yanasema ni Wabrahmini, karibu na hekalu la Kali. Marco Polo aliambiwa kwamba Tomaso alikuwa akisali nje ya kibanda chake huku amezungukwa na tausi, mwindaji asiyemwona akamlenga ndege mmoja, na mshale ukampata mtume ubavuni. Hakukuwa na hukumu wala chuki ya dini, ilikuwa ajali.

Simulizi ya askari wanne ina udhaifu wa kifasihi. Mwanamke mwenye cheo anaokoka, anamnyima mumewe kitanda, na mume mwenye mamlaka anamuua mtume: hivyo ndivyo Petro anavyokufa katika Matendo ya Petro, na Andrea katika Matendo ya Andrea. Vitabu hivi vya apokrifa vilivyoandikwa katika karne za 2 na 3 vinatumia mtindo mmoja, na mtindo hauwezi kuwa shahidi wa tukio. Tena Origene, kwa mujibu wa Eusebio, anaorodhesha nchi za mitume: Tomaso alipewa Uparthi, Andrea Skithia, Yohana Asia, na Petro alisulubiwa Roma kichwa chini, na Paulo akauawa hukohuko. Origene anakumbuka vifo vya ushahidi vya Petro na Paulo. Kwa Tomaso anaitaja nchi na kunyamaza.

Lakini shahidi mwenye uzito kuliko Origene ni Heracleon, mwalimu wa shule ya Kignosti ya Valentino aliyeandika takriban miaka ya 170, kabla ya Matendo ya Tomaso. Maneno yake yamehifadhiwa na Klementi wa Aleksandria. Anasema kuna ungamo la imani na mwenendo, na kuna ungamo la sauti mbele ya wenye mamlaka, na si wote waliookolewa waliopitia hilo la pili. Na anawataja Mathayo, Filipo, Tomaso, Lawi na wengine wengi kama mifano. Mtu anaweza kusema kwamba wafuasi wa Valentino walishutumiwa kwa kukikwepa kifodini, hivyo Heracleon alikuwa na sababu ya kutafuta mitume waliokufa kwa amani. Ni kweli. Ila hoja ya namna hiyo huvunjika papo hapo iwapo wasikilizaji wanajua kwamba mmoja wa waliotajwa alichomwa mikuki kwa amri ya mfalme. Zaidi ya hayo, Klementi anayemnukuu hakuwa rafiki wa shule hiyo. Alimkosoa katika jambo jingine la kifungu hichohicho, na orodha ya majina akaiacha ipite.

Hapo ndipo simulizi ya tausi inapopata uzito ambao wasomi wengi hawakuupa. Wanaotunza kaburi la mtakatifu hufaidika na damu ya ushahidi, hawafaidiki na ajali, na ni nadra hadithi ya kumvua mtakatifu wao taji ikazuka hapohapo alipozikwa. Yaweza kujibiwa kwamba jina la Mylapore lenyewe linahusishwa na tausi, na hadithi ikazaliwa kutokana na jina. Jibu hilo linaeleza tausi walitoka wapi. Halielezi kwa nini waumini walikubali mtume wao afe bila kuhukumiwa, hali kitabu chao cha Kisiriaki kilikuwa na askari na mfalme tayari. Heracleon wa karne ya 2 na wenyeji wa karne ya 13 hawakujuana wala kusomana, nao wanakutana katika jambo moja: Tomaso hakufa mbele ya hakimu.

Sisemi kwamba hilo linathibitisha mshale wa mwindaji. Nasema kwamba mwanahistoria akilazimishwa kupima, mizani inaelemea upande wa Heracleon, na kwamba vitabu vyetu vya katekesi vinavyoandika kuwa Tomaso aliuawa kwa mkuki Mylapore mwaka 72 vingepaswa kuandika kuwa hayo ni mapokeo. Heshima ya mtume haipungui kwa hilo. Heracleon mwenyewe, katika kifungu kilekile, aliliweka ungamo la imani na mwenendo juu ya lile la sauti mbele ya watawala, kwa sababu lile la sauti linaweza kutolewa hata na wanafiki, na ni katika ungamo la kwanza alikomweka Tomaso.