Filamu iliyopotea

Watunza hifadhi za filamu wana masharti yao kabla ya kusema filamu imepotea: pasiwe na nakala yake inayojulikana popote, si kwenye hifadhi ya umma, si kwenye kabati la mtu. Picha za mnato, mabango, hata muswada, vyote vyaweza kuwapo na filamu ikahesabiwa imepotea. Kikionekana kipande tu, hiyo ni filamu pungufu.

Chukua A Study in Scarlet, filamu bubu ya Uingereza ya 1914, iliyoongozwa na George Pearson. Sherlock Holmes alichezwa na James Bragington, ambaye wala hakuwa mwigizaji. Alikuwa mfanyakazi wa ofisi ya mtayarishaji, G. B. Samuelson, mjini Birmingham, akachukuliwa kwa sababu sura yake ilifanana na ya Holmes. Nyika za Utah za kwenye hadithi zilipigwa Uingereza kwenyewe, kwenye mchanga wa Southport, milima ya Marekani kwenye korongo la Cheddar. Mwaka 2010 Taasisi ya Filamu ya Uingereza iliiweka kwenye orodha ya filamu 75 inazozisaka.

Wapo wanaopenda kusema “iliyoteketea” badala ya “iliyopotea”. Ninawaelewa: mikanda ya zama hizo ilikuwa ya naitreti, ambayo huwaka hata ndani ya maji, na isipoungua huoza ikawa unga. Lakini neno hilo linakata kesi kabla ya ushahidi. Kilichopotea bado kinatafutwa. Love, Life and Laughter ya 1923, ya Pearson huyohuyo, ilikuwa kwenye orodha ileile. Mwaka 2014 ikatangazwa kuwa imepatikana Uholanzi, karibu yote.

“Iliyoteketezwa” labda ingefaa kwa filamu za Cecil Hepworth, mtengenezaji filamu wa Uingereza. Kampuni yake ilipofilisika mwaka 1924, nega zake, yaani mikanda ya asili inayotolewa nakala, ziliyeyushwa ili itolewe fedha iliyomo, na hapo Kiswahili kinatusaidia, kwani walioziyeyusha waliitaka fedha kwa maana zote mbili. Hata hivyo kilichoyeyushwa ni nega, si kila nakala iliyokwisha kuuzwa. Rescued by Rover, filamu yake ya 1905, ilinunuliwa kwa wingi hata nega ikachakaa, akalazimika kuipiga upya mara mbili. Hiyo tunaitazama mpaka leo.