Ndoo, Tripu na Mita za Ujazo: Historia ya Kipimo cha Kokoto katika Nchi ya Mara

Katika wilaya za Musoma, Bunda na Butiama, mkoani Mara, jiwe ni mali iliyo karibu na kila mlango, na kwa sababu hiyo ni rahisi kudhani kwamba biashara yake haina historia. Hata hivyo kokoto, yaani vipande vya mwamba vilivyopasuliwa kwa ajili ya zege, barabara na misingi, zimepita katika vyombo vingi vya kupimia kabla ya kufikia mita za ujazo zinazoandikwa leo katika makadirio ya ujenzi, na kila chombo kilipobadilika, hasara ya kipimo ilihama kutoka kwa mtu mmoja kwenda kwa mwingine. Historia hiyo ni ya haki sawa na ilivyo ya ujenzi, kwa kuwa mwenye nyumba anayeandaa njia ya gari au baraza la nje, fundi anayemkadiria na mpasua kokoto anayeshinda juani na nyundo yake bado wanatumia vipimo vya nyakati tofauti katika mapatano yaleyale.

Mwamba wenyewe ni wa kale sana. Nchi ya Mara imekaa juu ya Kratoni ya Tanzania, yaani kipande kigumu cha gamba la dunia kilichodumu bila kuvunjika kwa zaidi ya miaka bilioni 2.5, na sehemu kubwa ya kipande hicho ni itale, au graniti, mwamba mgumu wenye chembe zinazoonekana kwa macho. Joto la mchana, ubaridi wa usiku na mvua vimeumenya mwamba huo tabaka kwa tabaka, na ndiyo sababu majabali ya mviringo yamejipanga kando ya ziwa mjini Musoma, juu ya kilima cha Balili kule Bunda, na kuzunguka Mwitongo, Butiama, mahali palipo na makazi na kaburi la Mwalimu Julius Nyerere. Kando ya itale kuna mikanda ya miamba ya kijani yenye dhahabu, iliyozaa migodi ya Buhemba na Kiabakari wakati wa ukoloni.

Kabla ya saruji kufika, ujuzi wa mawe katika eneo hili la mashariki ya Ziwa Viktoria ulikuwa wa kuchagua na kupanga kuliko wa kupasua. Ushahidi ulio bora zaidi uko ng'ambo ya mpaka, katika kaunti ya Migori nchini Kenya, ambako ngome ya Thimlich Ohinga, inayodhaniwa kujengwa katika karne ya 16 na kuingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2018, ina kuta za mawe makavu, yaani yasiyounganishwa kwa udongo wala chokaa, zenye kimo cha kati ya mita 1.5 na 4.5. Waashi wake walipanga safu ya nje na safu ya ndani kwa mawe makubwa, kisha wakajaza nafasi ya katikati kwa mawe madogo yaliyofungamanisha ukuta mzima. Kanuni hiyo, kwamba jiwe dogo huziba nafasi na kulizuia kubwa lisicheze, ndiyo inayotawala hadi leo ushindiliaji wa kokoto chini ya njia ya gari.

Kanuni hiyohiyo ilipata umbo la kihandisi huko Uingereza, pale John Loudon McAdam, Mskoti aliyezaliwa mwaka 1756 na kufariki mwaka 1836, alipofundisha kwamba barabara haihitaji mawe makubwa chini yake, mradi udongo uwe mkavu na juu yake kuwe na tabaka la vipande vidogo vyenye pembe kali, ambavyo hubanana vyenyewe chini ya uzito wa magurudumu. Vipande hivyo vilipasuliwa kwa nyundo na watu waliokaa chini, wakiwemo wanawake na wazee, na wasimamizi walikagua ukubwa wake. Barabara za kwanza za magari katika Tanganyika ya Waingereza hazikufikia kiwango hicho, kwani nyingi zilikuwa za udongo au za moramu, yaani changarawe nyekundu inayochimbwa ardhini. Nazo zilijengwa kwa sehemu na watu waliokosa fedha za kodi, ambao sheria iliruhusu wailipe kwa kazi. Katika kazi ya namna hiyo msimamizi alihesabu siku, na ujazo wa mawe haukuwa na maana yoyote katika malipo ya aliyeyabeba.

Kipimo cha ujazo kilichoenea miongoni mwa watu wa kawaida kilitokana na biashara ya mafuta ya taa. Mafuta hayo yaliingia Afrika Mashariki katika mikebe ya bati yenye galoni 4 za Kiingereza, sawa na lita 18 na ushei, na mkebe mtupu, ulioitwa debe, ukawa kipimo cha mahindi, mtama, chokaa, mchanga na hatimaye kokoto. Ndoo ya plastiki ya lita 20 ilipochukua nafasi yake, bei nyingi zilihamia kwenye chombo kipya, ingawa tofauti si ndogo: mita moja ya ujazo hujazwa kwa madebe 55, lakini kwa ndoo 50 tu.

Namna ya kupata kokoto kwa mkono haijabadilika sana. Wapasuaji huwasha moto juu ya jabali au ubavuni mwake mpaka mwamba utanuke na kutoa nyufa, kisha huingiza mtarimbo na tindo katika nyufa hizo na kubandua mabamba, ambayo hupondwa kwa nyundo kubwa na baadaye kwa nyundo ndogo, jiwe likishikiliwa kwa kipande cha mpira wa tairi ili lisiruke. Mita moja ya ujazo ya mwamba mzima hutoa takribani mita 1.7 za kokoto, kwa sababu vipande vikishalala ovyo huacha nafasi kati yao. Na anayetaka kuthibitisha atajaza ndoo ya lita 20 kwa kokoto za ukubwa mmoja, kisha ataimiminia maji, naye ataona kwamba ndoo iliyoonekana kujaa inapokea lita 8 hivi kabla ya kumwagika.

Hapo ndipo penye kiini cha suala la haki. Mnunuzi wa ndoo kwa kawaida hudai ijazwe mpaka iwe na kilele, na kilele hicho, kwa ndoo yenye upana wa sentimita 30 mdomoni, huwa na lita 2 hadi 3, yaani kama sehemu moja ya nane ya ndoo nzima. Wakulima wa Tanzania wanaijua dhuluma ya namna hiyo kwa jina la lumbesa, gunia linaloshonewa kilemba ili lizidi kipimo, na sheria ya vipimo imelipiga vita kwa miaka mingi. Ila lumbesa ya kokoto haisemwi sana, ingawa anayeibeba ni mara nyingi mama mwenye watoto wa kusomesha, asiye na chombo kingine cha kuuzia jasho lake.

Kwa upande wa pili, mnunuzi naye amekuwa akipunjwa na tripu, yaani shehena moja ya lori, ambayo ujazo wake hutegemea ukubwa wa bodi na dhamiri ya mwenye lori. Kipimo hicho kilishika nguvu pamoja na mashine za kupondea mawe, ambazo asili yake ni kiponda cha mataya kilichobuniwa na Eli Whitney Blake wa Connecticut, Marekani, na kupewa hataza mwaka 1858, baada ya yeye kupewa jukumu la kusimamia barabara ya mawe katika mji wake. Serikali ya Tanzania imejibu tatizo la tripu kwa kuupa Wakala wa Vipimo, ulioanzishwa mwaka 2002, kazi ya kuhakiki malori ya mchanga na kokoto, ili ujazo wa bodi ujulikane kwa mita za ujazo; na Sheria ya Madini ya mwaka 2010 imeziweka kokoto katika kundi la madini ujenzi, ambayo uchimbaji wake unahitaji leseni.

Makadirio yenyewe ni hesabu fupi. Njia ya gari yenye urefu wa mita 12, upana wa mita 3 na tabaka la sentimita 15 ina ujazo wa mita 5.4, lakini huo ni ujazo wa tabaka lililokwisha kushindiliwa, kwa hiyo fundi huongeza kama sehemu moja ya tano na kuagiza mita 6.5, ambazo ni ndoo 325 zilizosawazishwa kwa ubao, na uzito wake unakaribia tani 10. Baraza la nje la mita 5 kwa 4, lisilobeba gari na kuhitaji sentimita 10 tu, hutaka mita 2.4, sawa na ndoo 120. Iwapo kokoto za njia hiyo ya gari zitanunuliwa kwa ndoo zenye kilele cha lita 2.5, hesabu itasoma ndoo 289, na ndoo 36 za kazi ya mkono zitakuwa zimepotea bila mtu yeyote kukiri kwamba amezichukua.

Hesabu hiyo hubadilika kwa kufuata ardhi. Mahali pengi mjini Musoma mwamba uko karibu na uso wa ardhi, na tabaka jembamba hutosha. Lakini katika nyanda za Bunda zinazoteremka kuelekea Ndabaka na Serengeti kuna udongo mweusi wa mbuga, ambao hufura ukilowa na kupasuka ukikauka, na kokoto zikimwagwa juu yake moja kwa moja humezwa katika msimu mmoja wa mvua. Hapo busara ni kuondoa udongo huo, kuweka moramu na kuishindilia tabaka kwa tabaka, kisha kupanga kokoto zilizochanganyika na vumbi lake, ambalo huziba nafasi kama yalivyofanya mawe madogo ya Thimlich Ohinga.

Ujenzi wa shule na zahanati umeieneza elimu hii vijijini, kwa maana tangu enzi za kujitegemea hadi shule za sekondari za kata, mchango wa wananchi wa Mara umekuwa wa kusomba maji, mchanga, mawe na kokoto. Palipo na makadirio mazuri, kila kaya huambiwa ndoo zake na kuzimaliza. Pasipo na makadirio, walio karibu na jabali hubeba hadi uchovu uwashinde, na lundo hubaki pungufu au kuzidi.

Kwa hiyo jambo ambalo historia hii inalidai si gumu kutekelezwa. Kila mapatano ya kokoto yataje ukubwa wa kipande, ujazo kwa mita, na mahali pa kupimia, kwa kuwa shehena iliyotikiswa njiani hushuka kidogo. Na ndoo inapotumika, isawazishwe kwa ubao mbele ya pande zote mbili. Mwenye nyumba atapata msingi usiotitia, fundi atapata makadirio anayoweza kuyatetea, na mpasuaji atalipwa kwa kila lita aliyoitoa jiweni.